Uliza Babu wa Magae: Nimechimba choo nimekuta ushanga, nimetajirika?

Haya wajukuu zangu. Mwezi uliopita niligusia mara moja tu hapa kwamba ujana wangu niliwahi kuwa kibarua wa wanaakiolojia, wale wanaochimba ardhi kusoma maisha ya watu wa kale, kazi yangu kuchekecha udongo toka asubuhi mpaka jua linazama, basi ndo mkanifungulia bomba. Meseji zimejaa kama dagaa kwenye tenga. Zote siziwezi, nimechagua chache na zile zinazouliza kitu kimoja nimeziunganisha. Ila tuelewane mapema, mimi sio profesa. Mimi ni mtu aliyeshika chekecheo misimu kadhaa huku nawasikiliza maprofesa wakibishana juani, yaliyobaki nimesoma mwenyewe baadae, kwahiyo nikisema "tulifanya" ujue wao walifanya mimi nilikuwa nabeba ndoo.

SWALI: Shikamoo babu. Mimi nipo Ujiji. Tunachimba choo nyuma ya nyumba, tulipofika kama usawa wa kiuno tukaanza kukuta vigae vya vyungu, mkaa, kipande cha sahani yenye maua ya bluu, ushanga mwekundu ambao ndani ni mweupe, na vitu vyeupe vifupi vina tundu katikati kama mrija uliokatwa. Vyote tumeviweka kwenye kiroba. Fundi anasema hiyo ni mali. Nikauze wapi?
(Baba Mwenye Choo, Ujiji)

JIBU: Marahaba mjukuu. Nianze na ya fundi wako ili usiku ulale. Hapana, hujatajirika. Ila fundi naye hajakosea sana.

Huo ushanga mwekundu wenye tumbo jeupe watu wa misafara waliuita samesame, ulitengenezwa Ulaya, ukashushwa Zanzibar, ukavushwa mpaka Bagamoyo, alafu ukapanda bara mabegani kwa wapagazi kupitia Tabora mpaka hapo kwenu ambapo njia inaishia majini. Na hivyo vimrija kwa unavyovieleza nahisi ni sofi. Kuna Mwingereza mmoja, Verney Lovett Cameron, alifika Ujiji mwaka 1874 akaandika kuwa sokoni kwenu pesa ilikuwa ni sofi, ushanga mfupi unafanana na mrija wa kiko uliovunjika. Yaani hicho ulichokishika kiganjani inawezekana kabisa ni chenji ya mtu, ilimdondoka anatoka kununua mawese. Ilikuwa mali kweli, ila imeshaisha muda wake.

Sasa kilichoniuma mimi ni kiroba. Ukija na kiroba ukanimwagia mezani nitakwambia tu hivi ni vigae na huu ni ushanga, basi, hadithi imeishia hapo. Ungeniita shimo likiwa wazi tungeshuka wote wawili tukaangalia ukuta wake. Ukuta wa shimo ukiukwangua vizuri kwa mwiko wa fundi ujenzi, ukaumwagia maji kidogo ili rangi zitoke, unausoma kama kitabu kilicholala. Juu kabisa udongo mweusi una vizibo vya soda na nailoni, hiyo ni juzi. Chini yake kahawia. Alafu unaweza kukuta mstari wa jivu, mwembamba tu kama unene wa kidole, umelala moja kwa moja, na chini ya jivu udongo mwekundu umekaza kama umepigwa na nyundo, hiyo ni sakafu, watu walikaa hapo, walipika hapo na pengine nyumba iliungua hapo. Kukiwa na duara jeusi limeshuka chini kama kisigino cha mtwangio, hiyo ilikuwa nguzo. Nguzo yenyewe imeoza miaka mingi ila tundu lake limejaa udongo wa rangi nyingine na halifutiki. Sasa swali langu kwako ni moja tu. Ushanga ulikuwa juu ya lile jivu au chini yake? Ukiwa juu maana yake uliangushwa baada ya moto, ukiwa chini ni kabla. Na ile sahani ya maua ilikuwa pamoja na ushanga au shubiri mbili juu yake? Hilo ndo kiroba hakiwezi kunijibu.

Cha kufanya: upande ambao hamjagusa uacheni kwanza. Piga picha ukuta, weka panga au rula pembeni ili mtu ajue ukubwa, andika kina. Toa taarifa serikali ya mtaa au kwa afisa utamaduni wa halmashauri, na hapo Ujiji mna bahati, makumbusho ya Livingstone yapo hapo hapo, watu wa Mambo ya Kale wapo. Na usiuze. Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964, iliyorekebishwa 1979, inalinda vitu vilivyotengenezwa kabla ya mwaka 1863, na kuchimba kutafuta vitu hivyo bila kibali ni kosa. Choo hakijakatazwa, mtu ana haja zake, ila ukikuta kitu sema.

SWALI: Babu, mimi nauza dagaa Kibirizi. Tunaambiwa Stanley alimkuta Livingstone Ujiji mwaka 1871 chini ya mwembe karibu na ziwa. Mbona ukienda pale kwenye mnara ziwa lipo mbali? Wazee walitudanganya au mnara umehamishwa?

JIBU: Kilichohama ni ziwa mama.

Wewe mwenyewe ni shahidi, miaka ya karibuni hapa maji yamepanda mpaka yakawahamisha watu pwani ya Kibirizi na kwengine, sasa fikiria mambo hayo kwa miaka 150. Ziwa Tanganyika lina mlango mmoja tu wa kutokea, mto Lukuga upande wa Kongo. Enzi za Livingstone ule mlango ulikuwa umezibwa na matope na mafunjo, mito inaingiza, pa kutokea hapana, maji yakawa yanapanda tu. Stanley alipozunguka ziwa mwaka 1876 alikuta bado pamezibwa. Kwenye mwaka 1878 hivi maji yakavunja kizibo, yakakimbia kuelekea mto Kongo na ziwa likashuka kama mita 10 katika miaka isiyozidi 20. Mita 10 kwenda chini kwenye mwamba sio ishu, ila pale Ujiji ufukwe umelala, ukishusha maji mita 10 pwani inakimbia mbali sana. Mwembe wenyewe ulishakufa, iliyopo wanasema ni uzao wake, ila sehemu sio ya uongo.

Ndo mana mwanaakiolojia akija Kigoma hawezi kuchora ramani ya watu wa kale kwa kutumia ufukwe wa leo. Lazima kwanza ajue maji yalikuwa wapi. Na ukirudi nyuma zaidi, kama miaka 20,000 iliyopita dunia ilipokuwa baridi na kavu, ziwa letu lilikuwa chini ya hapa kwa zaidi ya mita 200. Waliokaa ufukweni wakati ule, makazi yao leo samaki wanayapitia juu. Watu wengine wakisema "hakuna ushahidi wa watu wa kale pwani hii" mimi huwa nacheka, hivi umezamia?

Alafu kwa kuwa unauza dagaa nikupe na hii ya bure. Sehemu moja niliyofanya kazi tulikuwa na chekecheo la matundu makubwa kama ya wavu wa kuku, mifupa ya samaki ikawa inabaki ya sangala na kuhe, mikubwa mikubwa. Jioni wakubwa wakawa wanaandika kwamba watu hawa walipenda samaki wakubwa. Kibarua mwenzangu mmoja, mtu wa ziwani, akauliza, sasa dagaa wanapitaje hapo? Kimya. Kesho yake likaletwa chekecheo la matundu ya milimita 2 na dagaa wakaanza kuonekana, mifupa myembamba kama nywele. Yaani mlo mzima wa watu ulikuwa unadondokea kwenye rundo la kumwaga.

SWALI: Mwalimu wa shule ya msingi, wilaya ya Urambo. Huku kwetu porini kuna matongo mengi, utakuta mstari wa minyaa umejipanga vizuri kabisa, mawe ya kusagia, mwembe mmoja mkubwa, lakini mtu hakuna. Wanafunzi wameniuliza zamani walikuwa wanaishi watu wangapi hapa nikakosa jibu. Wanaakiolojia wanahesabuje watu ambao hawapo?

JIBU: Mwalimu, hili swali ndo limenifanya niandike leo, naomba uvumilivu kidogo.

Kuyapata makazi ndo kazi rahisi. Mnapanga mstari, kila mtu na mwenzie hatua 10, mnatembea shambani macho chini kama mtu aliyedondosha funguo. Muda mzuri ni baada ya mvua za kwanza au watu wakishapiga matuta ya tumbaku, jembe linapandisha magae juu, mvua inayaosha yanang'aa. Ukikuta unachomeka kibendera, mwenzio anachukua GPS. Na mimea inasaidia kama ulivyoona mwenyewe. Minyaa haijipangi mstari, ule ulikuwa uzio wa kijiji. Mwembe porini ni mtu alikula embe akatupa kokwa au alipanda kwa makusudi, na njia ya misafara toka Bagamoyo mpaka Ujiji kuna sehemu unaifuata kwa miembe tu. Huku Kigoma ni hivyo hivyo kwa michikichi. Siku hizi kuna droni na satelaiti, na kuna kifaa kinaitwa laida kinarushwa na ndege kinamulika mwanga mpaka unapenya kwenye majani, Guatemala mwaka 2018 walitangaza wameona majengo zaidi ya 60,000 ya Wamaya chini ya msitu. Ila kwa magae na mafiga ya porini Urambo bado miguu ndo inafanya kazi.

Kuhesabu sasa. Njia ya kwanza ni nyumba. Unahesabu nyumba, unapima sakafu, unagawa. Kuna Mmarekani, Raoul Naroll, mwaka 1962 alipendekeza kila mtu apewe mita za mraba 10 za sakafu yenye paa, watu wakaipenda hesabu ile mana ni rahisi. Haya ilete kwenye tembe ya bara, nyumba ya udongo yenye paa bapa, ambapo ndama na mbuzi nao wanalala ndani. Utahesabu mbuzi uwape majina ya watu!

Mfano mzuri ni Engaruka kule Arusha, chini ya ukingo wa Bonde la Ufa. Kuna mabaki ya vijiji vilivyojengwa kwa mawe mteremkoni na mashamba ya umwagiliaji yenye mifereji, watu walilima pale karne kadhaa wakaondoka kabla Wazungu hawajafika. Mwanaakiolojia Louis Leakey alienda mwaka 1935, akaona zile sehemu za nyumba, akakadiria watu 30,000 mpaka 40,000. Mji mkubwa kabisa! Baadae mwenzie mwingine wa kazi hiyo, John Sutton, akapafanyia kazi kwa miaka mingi akashusha hesabu mpaka maelfu machache. Nyumba ni zile zile, mawe ni yale yale. Tofauti ni kwamba ukiona nyumba 10 huwezi kujua kama zilikaliwa siku moja au zilikaliwa moja baada ya nyingine, baba alijenga hii, mtoto akajenga ile, ya baba ikawa zizi. Kwa juu zote zinaonekana za siku moja.

Na Unyamwezini mtego huu ni mkubwa zaidi. Mtemi mpya mara nyingi alijenga ikulu yake upya mahali pengine, na shamba likichoka watu wanasogea, kwahiyo matongo 10 unayoyaona inawezekana ni kijiji kimoja kilichohama mara 10. Ukiyajumlisha umezidisha watu. Ongeza na haya ya juzi juzi tu, Waingereza waliwahi kuwakusanya watu sehemu moja kwa ajili ya malale, alafu zikaja operesheni za vijiji, serikali ikiwahamishia watu vijiji vipya, huku kwetu Operesheni Kigoma ilikuwa mwaka 1972. Sasa hame la mwaka 1972 na hame la enzi za Mirambo, mtemi wa Unyamwezi karne ya 19, yote yana mwembe na jiwe la kusagia. Utayatofautisha kwa vitu vidogo, kipande cha sufuria ya alumini, kizibo, betri ya redio. Kwahiyo mwalimu kabla hujawapa wanafunzi namba wapeleke kwa wazee kwanza, pengine kuna bibi yupo hapo kijijini alizaliwa kwenye tongo hilo hilo.

Njia ya pili ni takataka, na hapa ndo nina ugomvi. Watu wanaona magae mengi wanasema watu walikuwa wengi. Nendeni Uvinza, penye Ruchugi na Malagarasi. Pale kuna chemchemi za maji ya chumvi, na akina Sutton na Andrew Roberts walichimba miaka ya 1960 wakakuta watu wamechemsha chumvi pale kwa miaka kama 1,500, magae juu ya magae, majivu, mashimo yaliyokandikwa udongo wa mfinyanzi. Ukitazama rundo lile utasema hapa palikuwa na jiji. Hakuna jiji. Karne ya 19 watu walikuwa wanakuja kiangazi toka huku na huku, wanajenga vibanda, wanachemsha, wanawalipa watemi wa Uvinza ushuru wao, mvua ikianza wanarudi makwao na mzigo wa chumvi. Na kuchemsha chumvi ni kuvunja vyungu, ni kama kuhesabu watu wa mtaa kwa kuhesabu mayai yaliyovunjwa na muuza chipsi.

Sasa geuza upande wa pili, mpagazi. Msafara wa mamia ya watu unalala chini ya miti, wanapika, asubuhi wanaondoka. Wanaacha nini? Mawe matatu na jivu, upepo unamaliza jivu, mawe anayachukua mwingine. Uvinza watu wachache wa msimu wameacha mlima, na njia ya misafara umati mzima haujaacha kitu. Ndo mana mimi nikisoma mtu ameandika idadi ya watu wa kale mpaka tarakimu ya mwisho naifunga hiyo kurasa. Mtu makini anakupa mwanya, kati ya hapa na hapa, na anakwambia watu hao walikuwa wanafanya nini pale.

Kwa hiyo jibu la wanafunzi wako: chagueni tongo moja, lipimeni kwa kamba, chora minyaa ilipo, chora kila jiwe la kusagia LILIPO bila kulisogeza. Mawe ya kusagia ni mazuri kuliko nyumba wakati mwingine, kila jiko lilikuwa na lake na hakuna mtu anahama na jiwe la kilo 30. Namba itakayotoka haitakuwa sahihi, ila mtajua imetoka wapi.

SWALI: Mambo babu, mimi mwanafunzi wa kidato cha tano Tabora mjini. Wakisema kitu kina miaka 2000 wamejuaje? Si wanabahatisha tu?

JIBU: Poa. Hawabahatishi, ila wanaweza kukosea, ni vitu viwili tofauti.

Kila kilicho hai kinaingiza kaboni, ndani yake kuna chembe ya aina inayooza polepole. Kikifa hakiingizi tena, kilichobaki kinapungua nusu kila miaka 5,730. Ukipima kilichobaki kwenye mkaa au mbegu unajua kilikufa lini, mpaka kama miaka 50,000 nyuma, zaidi ya hapo chembe zimeisha. Mtego wa kwanza ni kwamba mkaa unakwambia mti ulikua lini, haukwambii chakula kilipikwa lini. Ukipima mkaa wa moyo wa mninga uliokaa porini miaka 200 kabla hujakatwa, jibu lako limezeeka miaka 200 bure, ndo mana wanapenda punje ya mtama iliyoungua kuliko gogo. Punje wanazipata kwa kuloweka udongo kwenye pipa la maji, zilizoungua zinaelea wanazichota na kitambaa kama mama anavyotoa pumba. Mtego wa pili unawahusu nyie wa Tabora na Ujiji hasa: kwa vitu vya karibu miaka 300 ya mwisho kaboni inatoa majibu mapana mno, inaweza kukwambia 1680 au 1780 au 1900 chagua mwenyewe. Kwa mambo ya misafara kipande cha sahani chenye muhuri wa kiwanda nyuma kinasema kweli kuliko maabara.

Kwa vya kale sana kuna kupima chembe za mchanga, mara ya mwisho ziliona jua lini. Kusini mwa ziwa letu hili hili, maporomoko ya Kalambo mpakani na Zambia, walikuta magogo mawili yamechongwa yakakaa moja juu ya jingine, mchanga ukapimwa kwa njia hiyo, mwaka 2023 wakatangaza miaka 476,000 hivi. Binadamu wa aina yetu alikuwa bado hajatokea. Mti unakaaje muda wote huo bila mchwa? Ulikuwa umelowa chini ya maji bila hewa.

SWALI: Babu tusaidie. Hapa Tabora kuna jamaa wana mashine ya kupima dhahabu, wanasema Mjerumani alizika rupia, wanataka kila mtu achange tuchimbe usiku. Kuna ukweli?

JIBU: Kuna ukweli kidogo, ndo mana uongo wake unauzika. Mwaka 1916 vita vikiwa vimewabana, Wajerumani walitengeneza kweli hapo Tabora sarafu za dhahabu za rupia 15, zina tembo upande mmoja. Septemba mwaka huo huo Wabelgiji wakaingia mji. Basi toka hapo kila ukuta wa zamani na kila mwembe mkubwa una mtu anauchungulia. Mimi nimeona shimo la usiku la watu wa namna hiyo, kwenye hame ambalo tulitegemea kulichimba msimu unaofuata, wamepasua sakafu mbili na jiko, magae yote ya juu yamechanganyika na ya chini, na walichoondoka nacho nadhani ni mafua. Usichange. Hiyo hela nunua bati.

SWALI: Shikamoo mzee wangu. Mimi ni mama wa Kasulu. Kuchimba makaburi ya watu ili kusoma mifupa, si kufuru jamani?

JIBU: Marahaba mama. Moyo wangu unakubaliana na wewe kuliko unavyodhani. Nilipofanya kazi mimi, tulipokuta kaburi kazi ilisimama mpaka wazee wa kijiji wafike, na mara moja walisema funikeni, tukafunika. Naona ndivyo inavyopaswa.

Ila nikwambie kinachotafutwa. Jino la utu uzima linaumbika utotoni na halibadiliki tena, ndani yake kuna chembe ziitwazo strontiamu zilizotoka kwenye mwamba wa mahali ulipokunywa maji na kula chakula ukiwa mtoto, na miamba haifanani. Kwahiyo mtu akizikwa pwani lakini jino lake lina mwamba wa bara, umejua alitolewa mbali. Fikiria wale waliopitishwa njia yetu hii kwa minyororo, majina yao hayakuandikwa na yeyote, jino ndo barua pekee iliyobaki. Mwaka 2023 pia walitoa majibu ya vinasaba vya watu 80 waliozikwa miji ya pwani ya Waswahili na jirani zake, ikaonekana wengi wana bibi Waafrika na upande wa babu kuna damu ya Uajemi, jambo ambalo wazee wa pwani walikuwa wanalisema miaka yote wanaitwa waongo. Bara huku joto na udongo vinaharibu vinasaba haraka, ni bahati kupata. Kama wazee hawajaridhia, kuna mifupa ya mbuzi na magae yenye mafuta ya chakula ndani yake, hayo nayo yanasema mengi. Hilo la mafuta nalijua kwa aibu. Kuna siku nilipewa gae nikalisugua kwa brashi na sabuni likang'aa, nikalipeleka kwa furaha, mama mmoja msomi akaliangalia akaniambia taratibu, umeosha mchuzi.

Kabla ukurasa haujafungwa, yule Baba Mwenye Choo nilimpigia simu, akanitumia picha. Ameweka panga pembeni kama nilivyomwambia, ukuta ameukwangua vizuri, na mstari wa jivu upo kweli, umelala kabisa. Nikamuuliza, ushanga ulitoka juu ya jivu au chini? Yeye anasema chini. Fundi akasikika kwa nyuma anasema juu, yeye ndo alikuwa na sepetu. Wamebishana mpaka vocha yangu ikaisha. Shimo limebaki nusu wanasubiri watu wa makumbusho, na mke wake ameniomba niwaulize wanakuja lini.